Kwa Mashekhe wa Tarika ya Rangi

Kwa hadhara ya Mamlaka ya Kitaifa ya Kukabiliana na Ukame, Nairobi.

Naomba ruhusa, mimi mkazi wa Garsen nisiye na cheo wala ijaza, niwapongeze kwa kutuletea huku kwenye kingo za Mto Tana falsafa ambayo wazee wetu, pamoja na ujuzi wao wote wa nyota na pepo, hawakuibahatisha: ya kwamba njaa na shibe, uhai na mauti ya mifugo, hayajulikani kwa tumbo wala kwa jicho, ila kwa rangi iliyotiwa katika ramani.

Nimejitahidi kuisoma elimu hii kama muridi asomavyo kwa shekhe wake. Juu, kupita mawingu yasiyotunyea, iko setilaiti itazamayo ukijani wa ardhi, na takwimu zake zimepata kupigiwa hesabu hata katika chuo kikuu kimoja cha Vienna, kwa kulinganishwa na miaka iliyotangulia, zikatoka humo zikiwa nambari: chini ya 35 ukame ni wa wastani, chini ya 20 ni mkali, na chini ya 10 umepindukia. Nambari huvishwa rangi, na mwisho kaunti nzima hutajiwa makamu yake, kama vile kawaida, tahadhari, hatari au dharura. Ajabu ya tarika hii ni kuwa muridi hupanda daraja kwa kupungukiwa. Kila ng'ombe wake wakifa naye huzidi kukurubia rehema, kwani fadhila za serikali aghlabu hazimteremkii mtu wa manjano, bali humngoja aive nyekundu.

Mintarafu ya kijani, nina swali la mwanafunzi. Mathenge, mti ulioletwa Bura katika miaka ya 1980 kwa nia njema ya kuzuia jangwa na kutupatia kuni, umeenea mpaka umeziba malisho na njia za mifugo kwendea maji, na kwa kuwa mizizi yake huzama hadi kwenye maji ya chini, hubaki umestawi hata pale nyasi zote zilipoteketea. Majani yake ng'ombe wa mfugaji Mworma hayataki, na mbuzi akizidisha kula maganda yake matamu humharibikia meno. Setilaiti haina meno. Basi yawezekana, kwa batini ya elimu yenu, mfugaji akafilisika katikati ya chanikiwiti iliyonona, akawa maskini kwa ushahidi wa macho yake na tajiri kwa ushahidi wa ghaibu. Na sisi waumini twajua ushahidi upi hutangulizwa.

Mtanijibu kuwa mnao pia watu wazungukao vijijini kila mwezi wakiuliza bei ya mbuzi, kiasi cha maziwa na umbali wa kisima, na jibu hilo ni la haki, tena watu hao ndio ninaowaheshimu kuliko setilaiti yoyote. Lakini ramani ndiyo ipendezayo ukutani mwa ofisi.

Rangi moja siifanyii mzaha, nayo ni ya ule utepe upimao mkono wa mtoto: milimita 125 na kuendelea ni kijani, chini ya hapo hadi 115 ni manjano, na chini yake ni nyekundu. Huo hautazami kutoka mbinguni, hugusa nyama. Ila unapofika kwenye nyekundu, maziwa yamekwisha kukatika nyumbani mle zamani, na mama amekwisha kuuza alichokuwa nacho.

Tena tazameni ukubwa wa nguo mnayoitia rangi moja. Kaunti ya Tana River ina zaidi ya kilomita za mraba 35,000, kutoka Bangale hadi Kipini pwani. Na ingawa taarifa zenu huigawa kwa wafugaji na wakulima, kichwa cha habari hubaki kimoja. Delta yetu ikionekana mbichi, mifugo ya Garissa na hata Wajir huteremka kuifuata, nayo ni haki yao kuishi, lakini shamba la mkulima Mpokomo lipakanalo na maji halikuwahi kuulizwa kama liko tayari kuwa kijani cha watu wote.

Na maji je? Misimu 5 ya mvua ilikosekana mfululizo tangu mwisho wa 2020 hadi mwisho wa 2022, kisha Novemba 2023 mto ukavunja kingo, na 2024 ukarudia, mashamba yakazama, na barabara ya Garsen kwenda Lamu ikakatika. Katika makamu zenu zote sikuona ya mtu aliyetoka kwenye nyekundu akaingia majini bila kupita kijani.

Kwa hivyo nawasihi, enyi mashekhe: mathenge ung'olewe kwanza katika hesabu ya malisho kabla ya kung'olewa ardhini, na ile Hazina ya dharura iliyotajwa katika sheria yenu ya 2016 ifunguliwe tukiwa manjano, wakati mfugaji angali na ng'ombe wa kumwokoa.

Wasalaam,
Muridi wenu wa Garsen