Mwongozo kwa Karani Mpya wa Masijala ya Hadithi Zilizokatika

Umekabidhiwa funguo mbili: mmoja wa chumba cha siku zilizopotea, mwingine wa chumba cha hadithi ambazo hazikufika mwisho. Anza na siku, maana kazi yake ni nyepesi.

Rafu ya juu ina siku kumi za Oktoba 1582. Papa Gregori wa 13 aliporekebisha kalenda, watu wa Roma walilala tarehe 4 wakaamka tarehe 15. Waingereza walikaidi hadi 1752, na kwa ukaidi huo wakakatwa siku 11 za Septemba. Zimo rafu ya pili. Sanduku lililo peke yake ni Ijumaa ya tarehe 30 Desemba 2011, ambayo Samoa haikuiona kabisa, kwa sababu nchi nzima ilihamia upande wa pili wa mstari wa tarehe ili siku zake za kazi zilingane na za Australia na New Zealand. Jirani yake ni tarehe 30 Februari 1712. Hiyo ilikuwapo kweli, Sweden, mara moja tu. Akija mtu kudai kwamba alizaliwa siku hiyo, mpe fomu ajaze, usibishane naye.

Zipanguse vumbi, ufunge mlango. Chumba cha pili ndicho kitakachokutoa jasho.

Humo watu wamesimama palepale mwandishi alipowaacha. K., mpima ardhi wa Franz Kafka, ameketi kando ya bibi kizee anayetaka kumwambia jambo, na sentensi imekatika kabla jambo lenyewe halijatamkwa. Usimhoji yule bibi. Hajui alitaka kusema nini, na aliyejua alifariki mwaka 1924, akiwa amemwagiza rafiki yake Max Brod achome maandishi yote. Brod hakuchoma. Ukikutana naye kwenye ukumbi, msalimie kwa heshima. Bila yeye rafu hiyo ingekuwa tupu, kama ilivyo karibu tupu ya Nikolai Gogol, aliyetia moto sehemu ya pili ya riwaya yake kwa mkono wake mwenyewe mwaka 1852.

Faili litakalokusumbua kuliko yote ni la riwaya ya Edwin Drood. Charles Dickens alipanga kuitoa riwaya hiyo kwa matoleo 12. Alipofariki tarehe 9 Juni 1870 alikuwa amemaliza 6, na kijana Drood ametoweka bila kujulikana kama ameuawa au yu hai. Tangu hapo foleni ya dirishani haijaisha. Mwaka 1873 alikuja mpiga chapa mmoja wa Vermont, Marekani, na mwisho aliosema kwamba roho ya Dickens ndiyo iliyomsomea akauandika. Mwaka 1914 watu wa London walimshtaki kabisa John Jasper, mjomba wa kijana, katika mahakama ya maigizo: G. K. Chesterton akiwa jaji, Bernard Shaw akiongoza wazee wa baraza. Wazee walimtia hatiani kwa kuua bila kukusudia. Naye Chesterton akawatoza faini wote waliokuwamo kwa kuidharau mahakama, isipokuwa yeye mwenyewe.

Wapokee wote kwa ukarimu, kwani wanaoleta miisho ni wasomaji waliopenda hadithi kupita kiasi. Lakini kila mwisho ufungulie jalada lake. Usiushone kwenye jalada la mwandishi hata ukiwa mzuri namna gani. Pale hadithi ilipokatika ndipo mkono wa mwandishi ulipokuwa siku ile, na ukipaziba umemfuta yeye.

Ukitaka kuona kazi hii ilivyofanywa vizuri, toa faili la Albert Camus. Alifariki katika ajali ya gari tarehe 4 Januari 1960, na ndani ya mkoba wake zilikutwa kurasa 144 za riwaya aliyokuwa akiiandika. Kitabu kilitoka mwaka 1994. Binti yake, Catherine, alitia nukta na mikato ili kisomeke, lakini neno lililoshindikana kusomeka aliliachia nafasi yake wazi kwenye ukurasa. Hakubahatisha. Huyo ndiye karani wa kuigwa.

Kuna wageni watakaokuja bila jina kubwa: mtu ameshika daftari la marehemu mama yake, limeandikwa nusu. Mpe kiti kwanza. Usimwahidi kwamba litamalizwa, wala usimuulize kama linafaa kuchapwa. Andika tarehe ya ukurasa wa mwisho kama ipo, hesabu kurasa mbele yake, na zile tupu uzihesabu pia. Usichane hata moja ili kupunguza unene wa jalada. Kisha mpigie mhuri stakabadhi, na umwambie saa za kufungua, maana atarudi kulisoma.