Senene, Kerengende na Fimbo ya Bibi

Msimu wa senene ukifika Muleba, aghalabu Novemba, vidole vya watoto hupanda thamani. Usiku taa kali huwashwa, mabati husimamishwa, senene huteleza hadi ndani ya mapipa. Kukicha ni kunyonyoa: mabawa huku, miguu kule. Wengi bado wanarusha mateke, na miiba ya miguu ya nyuma huchoma kwelikweli.

Karibu na Kamachumu, mvulana wa miaka saba alimnasa kerengende, akamfunga uzi mkiani, akapata helikopta. Helikopta ilikizunguka kilemba cha bibi, kisha ikatua kwenye chai ya mgeni.

"Ungefungwa wewe ungefurahi?" bibi aliuliza, fimbo mkononi.

Mtoto alimtazama mbuzi aliyefungwa kwenye mgomba, akanyamaza. Bahati yake. Kesho yake bibi yuleyule akamkabidhi beseni la senene.

"Bibi, na hawa wanafurahi?"

Fimbo ikarudi.

Bibi ana hoja, tusimwonee: senene ni kitoweo, kerengende alikuwa mchezo. Ila senene anayeng'olewa mguu hajui yuko upande gani wa hoja hiyo. Tanzania ina Sheria ya Ustawi wa Wanyama tangu 2008. Kwa mambo ya uani, fimbo hufika kwanza. Mwaka 1693 mwanafalsafa Mwingereza John Locke aliandika kwamba watoto huwatesa ndege na vipepeo wakiwapata mkononi, na wakizoea hivyo watawafanyia ugumu hata binadamu. Hofu ya haki, ingawa Locke hakutenganisha vya kutosha kutesa na kutaka kujua.

Jane Goodall, aliyefika Gombe mwaka 1960 na kuwaona sokwe wakivua mchwa kwa vijiti, alianza na kuku. Akiwa mdogo huko Uingereza alijificha bandani kwa saa kadhaa aone yai linatokea wapi. Nyumbani walimtafuta kwa hofu. Aliporudi, mama yake hakumchapa, aliketi akamsikiliza.

Shangazi mmoja alifanya kosa la kumsimulia mvulana wetu kisa hicho. Siku iliyofuata alitoka bandani na utitiri hadi kwenye nyusi, akitangaza kwamba kuku hujiinua kidogo yai linapotoka. Bibi, mfugaji tangu usichana wake, akabisha: kuku hutaga ameketi! Ubishi ukawaingiza wote wawili bandani, na chakula cha mchana kikaungua.