Jinsi ya Kuzaliwa Mara Moja Tu

Cheti chako cha kuzaliwa kinasema 3 Mei 1998. Cha kumaliza shule kinasema 31 Juni 1996. Hongera! Wenzako wamezaliwa mara moja. Wewe mara mbili, tena mojawapo kwa tarehe ambayo haimo kwenye kalenda. Fuata hatua hizi ubaki na moja.

Hatua ya 1: Mtafute mchawi. Siku ya kuandikishwa darasa la kwanza uliambiwa upitishe mkono juu ya kichwa ushike sikio la upande wa pili. Likashikika, basi una miaka saba. Mwaka ukatokana na urefu wa mkono. Tarehe, Mungu anajua. Baadaye, kabla ya mtihani, ukaletewa karatasi uhakiki taarifa zako. Ukasaini bila kusoma, maana foleni ya mihogo ilikuwa inarefuka. Mchawi ndiye huyo. Sahihi yake unaijua.

Hatua ya 2: Kataa ushauri wa kijiweni. Utaambiwa ubadili cheti cha kuzaliwa kifuate cha shule, eti ni rahisi. Usithubutu. Cheti cha kuzaliwa cha RITA ndicho mama, vingine vyote ni watoto, na mtoto hamfundishi mama siku ya uchungu. Kumbuka pia kwamba namba ya kitambulisho cha taifa, ile ya NIDA, ina tarakimu 20, na nane za mwanzo ni mwaka, mwezi na siku yako ya kuzaliwa. Kosa likiingia humo, utalikariri kila unaposajili laini ya simu.

Hatua ya 3: Kusanya ushahidi. Tangazo la kizazi, kadi ya kliniki, cheti cha ubatizo. Kama mchwa wamekutangulia, muulize mama. "Wewe nilikuzaa mvua za El Nino zinaishia, daraja limekwenda na maji, nikavushwa mgongoni kwa baba yako." Huo ni ushahidi usio na doa. Afisa atausikiliza kwa heshima zote, kisha atauliza: "Sawa mama, kwa hiyo tarehe ngapi?"

Hatua ya 4: Apeni. Mama aliyekubeba miezi tisa hasadikiki mpaka aape mbele ya wakili, ambaye siku unazaliwa alikuwa darasa la pili, anajifunza kuzidisha. Wakili akigonga mhuri, mama naye anahesabika kuwa alikuwepo.

Hatua ya 5: Rudi shuleni. Mwandikie barua mkuu wa shule, ambatisha kiapo na nakala za vyeti, na nakala nyingine ubaki nazo mwenyewe. Usiguse cheti kwa kalamu wala wembe: kilichokosewa husahihishwa, kilichokwanguliwa huzua kesi. Na anza mapema. Ukiomba mkopo wa chuo, Bodi ya Mikopo inataka cheti cha kuzaliwa kilichohakikiwa na RITA, na dirisha la maombi halimsubiri mwenye tarehe mbili.

Hatua ya 6: Jifunze lugha. "Njoo kesho" maana yake wiki ijayo. "Mtandao unasumbua" maana yake mhusika yuko kwenye chai. "Faili lako linashughulikiwa" maana yake linatafutwa. "Tutakupigia" maana yake usibadili namba ya simu mpaka ustaafu. Ukiulizwa kwa nini umechelewa kuja kurekebisha, usijibu kwamba ulikuja Machi. Sema "Samahani, mzee," utoe nakala nyingine.

Hatua ya 7: Pokea. Siku itafika. Karani atasukuma bahasha dirishani, juu yake fomu ndogo: "Nimehakiki taarifa zangu na ni sahihi." Nyuma yako watu wanaguna. Nje, kondakta wa daladala anaita kituo chako kwa sauti ya mwisho. Kalamu tayari iko mkononi.

Iweke chini. Soma kwanza. Daladala nyingine itakuja.