Birika la Wageni

Mwandishi wa makala haya aliapa mbele ya wakili kwamba pasipoti yake imepotea. Kiapo kilichapwa kwa mtindo ule ule wa miaka yote: mtu mzima, Mwislamu, mkazi wa Dar es Salaam, anaapa na kuthibitisha kwamba ametafuta kila mahali bila mafanikio. Wakili akagonga muhuri. Mkewe ndiye aliyeisoma karatasi ile mara mbili.

“Baba Watoto, kila mahali ni wapi?”

Hakujibu. Harusi ya mpwa wake ilikuwa Muscat, tiketi imeshalipwa, na zimebaki siku 12.

Kwa polisi alishapita, kwani pasipoti iliyopotea haiombewi nyingine bila karatasi ya polisi. Kijana wa kaunta alimuuliza imepotelea wapi. “Nyumbani,” akasema. Kijana akaweka kalamu chini, akamtazama kama mtu aliyekuja kukishtaki kitanda chake. Baada ya mashauriano wakaandika “mahali pasipojulikana”, mtaa ambao kwa funguo na vitambulisho vya watu hauna mpinzani kwa wingi wa wakazi.

Pasipoti za kielektroniki za Tanzania zilizinduliwa tarehe 31 Januari 2018, ile ya kawaida ikiwa shilingi 150,000 kwa miaka 10. Yake ilikuwa imekula miaka minne tu. Kwa hesabu alizopiga usiku akiwa macho, serikali ilikuwa bado inadaiwa 90,000. Kwenye dirisha la Uhamiaji, alipoomba mpya, hesabu hiyo hakuitaja.

Siku tatu kabla ya safari, wageni wakabisha hodi. Mkewe akafungua kabati la vyombo, akatoa birika la kaure ambalo tangu walipooana halijaonja chai. Ndani mlikuwa na hati ya kiwanja, risiti ya friji, na pasipoti. Kumbukumbu ikarudi mbio: mwaka uliopita jirani aliibiwa, na usiku ule ule mwandishi alitangaza kwa sauti ya mtu mwenye akili kwamba hakuna mwizi wa mabirika.

Shangwe zilidumu kama dakika tano. Picha ni yake, jina ni lake, muda haujaisha, nini tena? Shemeji yake, mkata tiketi, ndiye aliyemmwagia maji: hiyo si pasipoti tena, ni marehemu aliyejitokeza kwenye matanga yake.

Na shemeji hakutia chumvi. Interpol ina hifadhidata ya hati za kusafiria zilizoibwa na kupotea tangu mwaka 2002, ilipoanza na hati elfu chache kutoka nchi 10, na hati huingizwa humo na nchi iliyoitoa. Namba ikishaingia, mashine ya mpakani haina habari za birika. Marekani na Uingereza zimeliweka wazi: pasipoti ikisharipotiwa imefutwa, na ikipatikana haisafiriwi. Machi 2014 abiria wawili walipanda MH370, ile ndege ya Malaysia iliyotoweka, kwa pasipoti za Mwitaliano na Mwaustria zilizoibwa Thailand. Zote mbili zilikuwa kwenye orodha ya Interpol, hakuna aliyeziangalia. Mtu akishajua hilo, hawezi kumlaumu ofisa asiyecheka.

Basi akaenda kuirudisha. Pasipoti ni mali ya serikali, hata ikilala kabatini kwa mtu miaka yote. Ofisa akaipokea, akasikiliza kisa mpaka mwisho, akafikiri kidogo.

“Hilo birika lina mfuniko?”

“Lina.”

“Ndiyo maana,” akasema, akaita anayefuata.

Harusi aliitazama kwenye simu, na mtandao ulikuwa ukikatika kila bibi harusi alipotokea. Mpya ilitoka wiki iliyofuata. Ikakaa mezani siku mbili, mume na mke wakibishana pa kuiweka, kwani birika sasa linatiwa chai kila asubuhi. Siku ya tatu mkewe akaichukua, akaenda kuificha mwenyewe, na hadi leo amekataa kusema ni wapi.