Sizoni ya Tatu

Mpaka Jumamosi iliyopita wapangaji wenzangu walikuwa wakiniita Mtaalamu. Sasa naitwa Eksena. Watoto wananiita hivyo, muuza maji ameshalidaka, na mama wa uani hawezi kulitamka bila kuweka ndoo chini kwanza acheke vizuri.

Kijana wa kibanda cha muvi pale kituoni, mwenye kompyuta mbili na feni isiyozunguka, aliniita pembeni akaniambia sizoni ya tatu ya ile tamthilia ya Legend of the Seeker imetoka. Alisema kwa sauti ya chini, macho huku na huku, kama anauza sukari ya magendo. Nikampa flashi na elfu tano. Nyumbani nikatangaza. Baba mwenye nyumba, ambaye huwa hatoki kwake ila kwa habari za kodi, alikuja na kiti chake mwenyewe. Shemeji akaja na watoto. Mama wa uani akaleta karanga. Nikanunua umeme wa kutosha, maana Seeker haiangaliwi huku jicho moja liko kwenye LUKU.

Ikaanza bila maandishi, moja kwa moja msituni. Akatokea mwanamke mrefu, nywele nyeusi.

"Kahlan!" nikasema. Watoto wakapiga makofi.

Baba mwenye nyumba akauliza mbona amekata nywele za mbele. Nikamwambia miaka imepita, mzee, mwanamke habaki na mtindo mmoja. Na lile gauni jeupe? Gauni ni la kazini. Nyuma yake akaja msichana wa nywele za dhahabu, mkononi ana fimbo. Nikawaeleza kwamba huyo ni Cara, fimbo yake ameirefusha, na zile nguo nyekundu za ngozi amezivua kwa sababu ya joto.

"Na Richard?"

"Anakuja."

Kipande cha kwanza kikaisha, Richard hajaja. Cha pili kikafika katikati. Baba mwenye nyumba ni mtu wa kufuatilia madeni, hakusahau.

"Huyu Richard yuko wapi hasa?"

"Mzee, yule ni Mtafutaji. Yuko anatafuta."

Wakaridhika. Walipoulizia Zedd, yule mchawi mzee, nikasema amekwenda kula, na hilo hakuna aliyelitilia shaka, kwa sababu kila anayemjua Zedd anajua kwamba dunia inaweza kuteketea yeye akiwa bado anatafuta paja la kuku. Ndipo Kahlan wangu akachomoa kiunoni duara la chuma, akalirusha, likagonga mti, likagonga jiwe, likagonga kofia za askari wawili, likarudi mkononi mwake. Sebule ikanyamaza. Nikasema hiyo ni zawadi ya Zedd. Nikaongeza, na hapa hakuna aliyenilazimisha, kwamba ndani ya lile duara kuna roho ya Darken Rahl, yule adui wa Richard.

Kijana alikuwa amekata utangulizi wa kila kipande. Wa kipande cha tatu akausahau. Herufi zikajaa kioo kizima, na mtoto wa shemeji, wa darasa la pili, aliyefundishwa kusoma kila anachokiona, akasoma.

"Baba mdogo, imeandikwa Eksena."

Baba mwenye nyumba akavaa miwani.

Jumapili nikaenda kibandani nikiwa nimejiandaa kwa maneno. Kijana hakuinuka hata kutoka kwenye stuli. "Bosi, si msitu ni uleule?" Halafu akanifariji: anazo mpaka sizoni ya nane. Nikapiga hesabu njiani. Xena: Warrior Princess, hiyo Eksena yenyewe, ina sizoni sita na vipande 134. Ukiziunga nyuma ya zile mbili za Seeker unapata nane kamili. Yule kijana hakubahatisha, alikaa akapanga.

Na hoja yake ya msitu ni ya kweli. Seeker ilipigwa New Zealand, na Xena ilipigwa New Zealand miaka ya nyuma, kati ya 1995 na 2001. Wazalishaji ni walewale, Sam Raimi na Rob Tapert. Kwa hiyo miti ni mamoja, vijiji vya makuti ni mamoja, na askari wana tabia ileile ya kumzunguka mtu mmoja wakiwa kumi kisha kumwendea kwa foleni, kila mmoja akisubiri mwenzake apigwe kwanza. Hata utani ni wa ukoo mmoja. Mwigizaji wa Zedd, Bruce Spence, ni mtu mrefu ajabu, na ukimwona anavyokimbia na lile kanzu lake unasahau kwamba kuna ufalme unaporwa.

Kama kuna kitu kilipaswa kunishtua, ni kwamba kwa vipande viwili vizima Kahlan hakumshika mtu shingo. Hapa naomba nafasi, kwa sababu kati ya uchawi wote niliowahi kuuona kwenye runinga sijaona uliofikiriwa vizuri kama huu. Kahlan ni Mama Muungamishi. Akikushika koo, macho yake yanageuka meusi, na wewe, uwe jambazi, uwe jemadari, unapiga magoti umempenda. Humwogopi, unampenda. Mama yako umemsahau, mfalme wako umemsahau, unamuuliza tu anaamuru nini, na kila alichokuuliza unakisema chote kwa furaha. Hakuna kibao wala pingu. Na huwezi kurudi tena ulivyokuwa.

Sasa utamu wake uko hapa: nguvu ile haitwi. Ipo muda wote, na kazi ya Kahlan ni kuizuia. Kuitumia ni kuacha kuizuia tu. Mwanamke huyo hulala akiizuia, hula akiizuia, na saa pekee ambayo mtu yeyote hujisahau, ile ya mapenzi, ndiyo saa ambayo yeye hathubutu kujisahau, kwa sababu yule aliyempenda ataamka akiwa mtumwa anayetabasamu. Ndiyo maana yeye na Richard walitembea vipande arobaini na kitu wakigusanisha vipaji vya uso. Mama wa uani anasema hiyo si hadithi ya uchawi, ni ndoa yake ya kwanza. Na Cara je? Yeye ni Mord-Sith, mmoja wa wanawake waliolelewa kwa mateso tangu utotoni. Ile fimbo yake nyekundu inamuumiza anayeguswa nayo, na inamuumiza vilevile yeye anayeishika. Mord-Sith akiguswa na Muungamishi, hapendi mtu, anakufa. Kwa hiyo wanawake wawili wanasafiri pamoja, mmoja akijua kwamba mkono wa mwenzake ni kifo chake, na wanagombana kuhusu nani akalete kuni. Nani alaumiwe kwa kutaka sizoni ya tatu?

Seeker ilikufa mwaka 2010. Ilianza Novemba 2008, ikafanya sizoni mbili za vipande 22 kila moja, basi. Haikuwa mali ya mtandao mmoja mkubwa wa runinga. Huko Marekani iliuzwa kituo kwa kituo: mzalishaji anazunguka mji hadi mji, kila kituo kinanunua chenyewe na kupanga saa yake, na vituo vikitosha nchi nzima, pesa ya kupiga inapatikana. Vituo vya kampuni ya Tribune, ambayo tangu Desemba 2008 ilikuwa imeomba hifadhi ya mufilisi mahakamani, vikakataa kuendelea. Viliposhika mlango kutoka, waliobaki hawakutosha, na mti mzima ukaanguka. Mashabiki wakachangishana, wakaandika barua. Wapi.

Hapo ndipo kicheko changu kinapokauka. Mwaka huohuo wa 2010 vibanda umiza vya kwetu vilikuwa vinajaa mpaka madirishani kwa ajili ya Seeker, sauti ya mtafsiri juu yake, watoto wa mtaa mzima wakipigana kwa vijiti vya mifagio. Tulikuwa wengi. Hakuna aliyetuhesabu, kwa sababu hakuna aliyekuja kutuuzia. Diski tulizonunua zilikuwa za wizi, ndiyo, lakini halali ilikuwa inauzwa duka gani? Mwenye mali hakuona faida ya kufika, mwizi akafika na flashi na akatoa huduma hata siku ya sikukuu. Baada ya hapo tunaambiwa onyesho lilikosa watazamaji.

Riwaya ya kwanza ya Terry Goodkind, mwandishi wa vitabu vilivyozaa Seeker, iliyotoka 1994, imepewa jina la kanuni ya kwanza ya wachawi. Kanuni yenyewe ni kwamba watu husadiki uongo ama kwa kuutamani uwe kweli, ama kwa kuogopa usije ukawa kweli. Mke wangu alipoisikia aliomba nimwandikie aibandike juu ya runinga.

Mambo mengine ya wiki hii ni madogo. Mtoto wa shemeji amerusha kifuniko cha sufuria na hakikurudi mkononi, kilirudi na dirisha. Baba mwenye nyumba ameliweka dirisha kwenye kodi.

Hadithi yenyewe iliendelea vitabuni, vingi tu. Kile cha kwanza nimekipata kwa wauza vitabu vya mtumba Posta, tofali la kurasa zaidi ya mia nane. Kumbe kitabuni hakuna mzaha kama wa kwenye runinga: nilipofika Richard anapoangukia mikononi mwa Denna, naye Mord-Sith, nilikifunga, nikakipandisha juu ya kabati watoto wasikifikie. Mama wa uani anataka nimsomee jioni, kwa Kiswahili, polepole. Ameuliza kwanza kama Richard yumo.