Heko, Safu ya 72

Wengine wasifu mwezi na mahaba. Mimi naisifu Fortran 77 iliyoandikwa ndani ya vi, kihariri kisicho na rangi wala menyu, kisichokumalizia neno hata ukilia.

Tuanze na adabu. Lugha za programu za siku hizi humwacha mtu aanzie popote. Hii humpangia: safu 5 za kwanza ni za namba ya mstari, ya 6 ni ya kuonyesha kwamba amri ya juu inaendelea, na maneno yenyewe huanzia ya 7. Ukivuka ya 72, kompaila haigombi. Kilichozidi hukipuuza kimyakimya, kama mwenyeji muungwana aliyekuona ukimwaga mchuzi kwenye mkeka wake. TOTAL ikibaki TOTA, basi umejaliwa kigeu kipya, bila kuomba. Na vi haitakuharibia starehe kwa kukuchorea mstari wa onyo. Ukitaka kujua mpaka uko wapi, andika 72 kisha alama ya |, kishale kikupeleke.

Mpaka wenyewe una nasaba. Kadi ya matundu, iliyobeba mstari mmoja wa programu, ilikuwa na safu 80, ila IBM 704, mashine ambayo John Backus na wenzake waliitungia Fortran na kuitoa mwaka 1957, iliupokea kila mlalo wa kadi katika vyumba viwili vya kumbukumbu, kila kimoja biti 36. Jumla 72. Safu 8 zilizosalia zikapewa namba za kadi, ili bunda likianguka lipangike upya. Kadi zimekwisha, mpaka upo.

Ukarimu nao! Nafasi kati ya maneno haihesabiwi. Ukitaka kitanzi DO 10 I = 1,10 ukaweka nukta mahali pa mkato, unapewa kigeu DO10I chenye thamani ya 1.10, na kazi inaendelea. Tena jina linaloanza na herufi I hadi N ni la namba kamili, usipotamka vinginevyo. Uzito ukiuita MASS, kilo 2.9 zitakuwa 2. Wapo wauza nyama wangeililia mizani ya namna hii.

Vijana wa Python huicheka. Maktaba yao ya SciPy ikiulizwa habari za matriki, huteremka hadi LAPACK, maktaba ya Fortran, ambamo mafaili mengi hadi leo huanza amri baada ya nafasi 6 tupu.