Sifa za Lumbesa

Shikamoo, Lumbesa! Wengine wanakutukana kila msimu. Mimi leo nakuvika kilemba, tena si cha ukoka.

Nani mkarimu kama wewe? Gunia mwenzako likifika kilo 100 hushiba, likashonwa. Wewe hushibi. Huko Njombe na Mbeya, viazi vikifika mdomoni, mpakiaji hukuongezea kipande cha wavu, akapanga viazi vikubwa pembeni, akajaza katikati, kisha akashika shazia na kamba na kukufunga ukiwa na ghorofa kichwani. Hapo dalali humwambia mkulima kwa upole: "Mama, bei yetu ni ya gunia." Na kweli, bado ni gunia moja!

Kwa kufundisha hesabu huna mpinzani. Mkulima akipakia magunia kumi ya kilo 140, ametoa mzigo wa magunia kumi na manne, akalipwa ya kumi. Hayo manne ni sadaka, na sadaka haidaiwi. Halmashauri nayo inafunga saumu, kwa kuwa ushuru unaotozwa kwa gunia haupandi ghorofani. Kuli wa sokoni Dar es Salaam anapata mazoezi ya mgongo bure. Ni mlaji tu uliyemsahau: yeye ananunua kwa kilo au kwa fungu, na hapo kila kiazi kina bei yake.

Wabaya wako hawachoki. Sheria ya Vipimo inakukataza, Wakala wa Vipimo wanakusaka, viongozi wanakutangazia vita majukwaani. Wewe unawapita barabarani, juu ya lori, kilemba kikipepea. Wanadhani mkulima hajui kupima. Anajua sana. Anajua pia kwamba kijiji kizima kimevuna wiki moja, kwamba viazi vikipigwa jua hugeuka kijani na vikinyeshewa huoza, na kwamba deni la mbolea halingoji. Akikukataa, dalali anahamia shamba la jirani.

Kwa hiyo sisi wapenzi wako tuna dua moja: vijiji visijengewe maghala ya kuhifadhia viazi, wakulima wasiuze kwa pamoja, wala wasipate mkopo nafuu wa kuwavusha wakisubiri bei. Maana siku mama yule atakapoweza kusema, "Leo siuzi, baba, nenda salama," utarudi kuwa gunia la kilo 100, na gunia la kilo 100 halina wa kulisifu.